Usimbaji wa Utambuzi: Kifundo cha Mkono na Msimbo Wake

Usimbaji wa utambuzi ni kazi ya kuyageuza maneno ya tabibu kuhusu kilichomsibu mgonjwa yawe alama fupi ya herufi na tarakimu, inayosomwa kwa maana ile ile Msambweni, Muscat au Geneva. Alama hiyo ndiyo msimbo. Wapo wanaoiita "kodi" kwa kufuata sikio, lakini neno hilo lilikwisha kupata kazi zake katika Kiswahili, za ushuru wa serikali na pango la nyumba, na mgonjwa aliyeketi kwenye benchi la hospitali akiambiwa kwamba kodi yake haijaandikwa atadhani anadaiwa. Nchini Tanzania neno "postikodi" limepita salama kwa kuwa sehemu yake ya kwanza inalikinga. "Kodi ya ugonjwa" haina kinga hiyo.

"Utambuzi" nalo linafaa kuliko "uaguzi", ambalo hapa pwani ya Kenya ni la mganga na ramli yake, na kuliko "uchunguzi", ambao ni njia ya kuufikia utambuzi: kupiga picha ya eksirei ni uchunguzi, na kujua ni mfupa upi uliovunjika ni utambuzi. Neno "ugonjwa" limeachwa nje ya istilahi kwa makusudi, kwani aliyeanguka kutoka mnazini ana jeraha, hana ugonjwa.

Misimbo yenyewe hutoka katika Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa, unaofahamika kwa kifupi kama ICD, ambao asili yake ni orodha ya sababu za vifo iliyowasilishwa na Mfaransa Jacques Bertillon mjini Chicago mwaka 1893. Shirika la Afya Duniani liliupokea na kuuongezea magonjwa na majeraha yasiyoua katika toleo la sita la mwaka 1948. Toleo la kumi liliidhinishwa mwaka 1990, na la kumi na moja likaanza kutumika rasmi tarehe 1 Januari 2022.

Ugumu huanzia pale ambapo lugha ya watu na jedwali la misimbo hukata mwili kwa mipaka isiyolingana. Mkwezi wa kijiji cha Gazi anayeteleza kwenye kidato, yaani ule mkato uliochongwa katika shina la mnazi ili mguu upate pa kukanyaga, hutanguliza kiganja ajikinge na ardhi, na uzito wake wote hupokelewa na sehemu nyembamba iitwayo kifundo cha mkono. Kwake na kwa jamaa zake kilichovunjika ni kifundo, basi. Katika toleo la kumi, hata hivyo, mfupa unaovunjika mara nyingi kwa anguko la namna hiyo, yaani ncha ya chini ya radiasi, ule mfupa wa kigasha ulio upande wa dole gumba, hupewa msimbo S52.5, ambao umo katika kundi la kiwiko na kigasha. Ikiwa mwenziwe wa upande wa kidole cha mwisho, alna, amevunjika pamoja naye, msimbo huwa S52.6. Kundi la kifundo na kiganja, linaloanzia S60, kwa upande wa kifundo limebakiziwa vifupa vinane vidogo vilivyopangana kati ya kigasha na kiganja. Kwa hiyo mvunjiko ambao Abraham Colles wa Dublin aliueleza mwaka 1814, miaka 81 kabla ya eksirei kugunduliwa, na ambao kila mtu huuita wa kifundo, kwa hesabu ya misimbo ni wa kigasha. Afisa wa rekodi za afya akiletewa karatasi isemayo tu kwamba kifundo kimevunjika, bila mfupa kutajwa, anaweza kuishia kwenye S62.8, msimbo wa sehemu zisizobainishwa za kifundo na kiganja, na jeraha likahama kundi zima kwa sababu ya neno moja.

Neno "kiwiko" ni la kuangaliwa zaidi. Wasemaji wengi wa leo hukusudia pale mkono unapokunjika katikati, ilhali wengine, hasa wazee, hulitumia kwa kiungo kilicho karibu na kiganja. Istilahi ya kitabibu haina budi kulifunga "kiwiko" kwenye maana ya kwanza na kukiacha "kifundo" kwa ya pili.

Hata tofauti ya "kuvunjika" na "kuteguka" haiishii katika lugha. Kuteguka kwa kifundo kuna msimbo wake, S63, na wagonjwa wengi hufika wakisema mkono umeteguka. Kifupa kimoja kati ya vile vinane, skafoidi, humdanganya hata tabibu, kwa kuwa ufa wake mara nyingi hauonekani katika picha ya siku za kwanza. Dalili yake ni maumivu yanayochoma pale kidole kinapobonyeza kijishimo kilicho kwenye shina la dole gumba, pale dole linaponyooshwa, na hapo desturi ni kuufunga mkono plasta na kurudia picha baada ya siku 10 hadi 14. Damu huingia kifupani humo kutoka upande wa mbali, hivyo kikikatika kiunoni kipande kimoja huweza kukosa damu na kufa. Aliyeandikiwa S63 Jumatatu anaweza kustahili S62.0 wiki mbili baadaye, na rekodi isiyorekebishwa hubaki ikisema aliteguka tu.

Jina la kifupa hiki lilitokana na neno la Kigiriki lenye maana ya chombo cha majini, na jina lake la Kilatini, ambalo jedwali la toleo la kumi linalitumia, lina maana ya merikebu ndogo. Pwani yenye mitumbwi iliyofungwa kwenye mikoko haina haja ya kukopa sauti ya Kigiriki: "mfupa mtumbwi" ni istilahi iliyo tayari, inayochora umbo la mfupa machoni pa msomaji, nayo inastahili kuingia katika vitabu vya wauguzi.

Zaidi ya mfupa, kuna msimbo wa sababu. Kuanguka kutoka mtini ni W14, na ajali za wapanda pikipiki, bodaboda wakiwamo, zimo kati ya V20 na V29. Fomu ya muhtasari ya wagonjwa wasiolazwa nchini Kenya, MOH 705, hutenga majeraha ya barabarani na kuyarundika mengi ya yaliyosalia katika safu ya majeraha mengine, kwa hiyo mkwezi asiyelazwa huingia safu moja na aliyeteleza kisimani. Habari ya mnazi hubaki katika faili lake pekee, iwapo aliyempokea alimuuliza alianguka kutoka wapi na akaandika jibu.