Vibarua wa Afya wa Ikola

Hapa Ikola, kando ya Ziwa Tanganyika, mgawa dawa mzoefu hapangi kwenda kambi za wavuvi siku za giza. Giza ndilo la dagaa: usiku wanaume wako ziwani na taa zao, mchana wamelala au wamehamia mwalo mwingine. Husubiri mbalamwezi, nyavu zikiwa juu, ndipo huwapata wote. Semina haifundishi hayo. Mimi nilifundishwa na mama aliyenitangulia katika kazi hii.

Kazi za afya za msimu mwambao huu zimepita miaka mia moja, na swali ni lile lile: aliyeifanya kazi msimu uliopita ana haki gani msimu huu?

Malale yalipoenea kando ya Ziwa Tanganyika mwanzoni mwa karne ya 20, Wajerumani walitumia vibarua kufyeka vichaka vilivyoficha ndorobo. Wasaidizi wengine walifunzwa kupapasa shingo za watu, wakitafuta tezi zilizovimba. Vita vya 1914 vikaivuruga kazi hiyo. Chini ya Waingereza, miaka ya 1920 na 1930, Dkt. George Maclean alisimamia kuwakusanya watu wa magharibi katika makazi makubwa yaliyofyekwa. Kibarua wa enzi hizo alihesabiwa kwa kipande, yaani kadi ya siku 30 za kazi: kikijaa, analipwa, basi. Kichaka kilichipua tena kila mvua, lakini aliyekifyeka hakuwa na ahadi ya kuitwa tena.

Karema, jirani zetu, wana historia tofauti. Adrien Atiman, aliyezaliwa nchi ya Mali ya leo, akauzwa utumwani na kukombolewa na wamisionari, alisomea uganga Malta. Alifika Karema mwaka 1889 akatibu watu hadi alipofariki mwaka 1956. Miaka 67 mahali pamoja! Aliwatibu watoto, kisha wajukuu wao. Ujuzi wake haukutawanyika, kwa sababu hakuna aliyemwambia msimu umekwisha.

Mimi niliandikisha kaya wakati wa vyandarua vya bure mwaka 2011, baadaye nikagawa dawa za minyoo na kichocho. Kisha mradi mmoja ukaja na vijana wapya kutoka mbali. Hatukuambiwa tumekosa nini. Vijana wale wakaingia kambini siku za giza, wakaandika "hawakuwepo" mbele ya majina ya watu ambao wiki iliyofuata wangewakuta wote wamekaa wakishona nyavu. Siwalaumu. Hakuna aliyewaelekeza, na sisi tuliojua hatukuulizwa.

Sheria haiko kimya kabisa. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini Na. 6 ya 2004, katika kifungu cha 36, ilihesabu kuwa ni kuachishwa kazi pale mwajiri anapokataa kuongeza mkataba wa muda ambao mfanyakazi alikuwa na sababu ya kutarajia utaongezwa. Ilihesabu hivyo pia mwajiri akiwaachisha wengi kwa sababu moja, kisha akawarudisha baadhi na kumwacha mwingine. Lakini kifungu cha 35 kiliwatoa kwenye kinga hiyo wenye chini ya miezi sita kwa mwajiri mmoja, hata ukijumlisha mikataba yao. Kampeni ya afya huisha kwa siku au wiki chache, na kila mradi huja na mwajiri wake. Hapo ndipo sisi tunapodondoka.

Januari 2024 serikali ilizindua mpango wa wahudumu wa afya ngazi ya jamii, lengo likiwa wahudumu 137,294 nchi nzima. Ni hatua kubwa, na ni nafasi ya kurekebisha kosa la zamani. Kila zahanati iwe na daftari la waliowahi kufanya kampeni, kazi waliyofanya na vitongoji walivyopita. Mradi wowote ukifika, uanze na daftari hilo. Aliyefanya vizuri aitwe kwanza, na asiyeitwa aelezwe sababu kwa maandishi. Halmashauri zinaweza kuanza bila kusubiri Bunge, na zianze sasa, wazoefu wakiwa bado wapo.