Mlango uliofungwa toka inje



Sisi watu wa Goma tunajua volkano. Tarehe 17 Januari 2002 Nyiragongo ilipasuka, moto ukashuka mpaka katikati ya muji, ukaingia ndani ya Ziwa Kivu. Wengi wetu tulikimbilia Gisenyi. Kisha siku chache tu, tukaanza kurudi, mawe yakingali na joto chini ya viatu. Ndiyo maana habari ya Saint-Pierre kwetu ni kama habari ya jirani.

Saint-Pierre ulikuwa muji mkubwa wa biashara kule Martinique, kisiwa cha Ufaransa. Asubuhi ya tarehe 8 Mei 1902, sikukuu ya Kupaa kwa Bwana, mlima Pelée ulipasuka. Haukuwa moto wa kutembea kama wetu, ule mtu anaukimbia na godoro kichwani. Lilishuka wingu la hewa moto na majivu, likafunika muji kwa dakika chache. Walikufa watu karibu 28 000.

Mtu mumoja, Cyparis, alikuwa amefungwa buloko, peke yake, ndani ya chumba cha mawe mazito. Hakikuwa na dirisha, hewa iliingia kwa tundu ndogo ya mlango. Joto lilipita pale, likamuunguza vibaya. Kisha kimya: hakuna mlinzi, hakuna wa kumletea chakula. Siku tatu zilipita mpaka watu waliokuja kutazama mabomoko wakasikia kilio chake, wakamtoa.

Baadaye sirkasi ya Marekani ilimzungusha, ikamuonyesha kama mtu pekee aliyepona. Sio kweli. Fundi viatu mumoja, Léon Compère-Léandre, alipona pia, akatoka mule kwa miguu yenye kuungua. Tena, ukuta ulimuokoa Cyparis na moto, lakini mlango ulikuwa umefungwa toka inje. Bila watu wale, chumba kile kingekuwa kaburi lake.

Katikati yetu kuna wanaorudi peke yao kwenye kiwanja cha mawe meusi, bila jamaa. Hawapigi kelele, wanaona haya. Basi tunaomba: mtu akirudi mtaani kwenu, siku tatu zisipite bila mumoja wetu kufika kwake. Wafadhili wanatusaidia kununua mabati, na tunawaambia aksanti sana. Lakini kubisha mlango ni kazi yetu sisi wenyewe.