Njoro Haikuwa Tupu

Samuel Teleki, kabaila wa Hungaria, alipiga kambi Baringo kabla ya kuelekea Ziwa Turkana mwaka 1888, kisha akaenda zake. Lord Delamere wa Uingereza alikuja akakaa, na hadi leo historia ya Nakuru husimuliwa kana kwamba ilianza naye. Simulizi hiyo, iliyopambwa na mwandishi Elspeth Huxley katika kitabu chake cha mwaka 1935, inaegemea dai moja: kwamba ekari 100,000 alizokodishwa Njoro, karibu na Nakuru, mwaka 1903, kwa miaka 99, zilikuwa mbuga isiyo na mwenyewe. Dai hilo linaangushwa na kondoo wake mwenyewe. Merino aliowaagiza kutoka New Zealand walikonda na kufa katikati ya majani tele, kwa sababu udongo wa pale ulikosa madini. Maradhi ya aina hiyo wataalamu waliyaita Nakuruitis, yakabeba jina la mji wetu. Wamaasai waliyajua malisho hayo, ndiyo maana walikuwa hawayakalii. Ujuzi wa vizazi vya wafugaji ukaandikwa vitabuni kuwa utupu.

Wapo watakaosema kwamba sotoka na ndui za miaka ya 1890 ziliwamaliza Wamaasai, na bonde likabaki wazi. Maafa hayo yalitokea kweli, na yalikuwa makubwa. Lakini kama watu walikwisha, mkataba wa Agosti 1904 kati ya Donald Stewart, kamishna wa Uingereza, na Olonana, kiongozi wa Wamaasai, ulimhamisha nani kwenda Laikipia na kusini mwa reli? Baada ya Wamaasai kuondolewa, Delamere alihamishia mifugo yake Soysambu, kando ya Ziwa Elementaita, malisho ambayo hata jina lake ni la Kimaasai, na huko ikanawiri. Ngano aliyoipanda Njoro ililiwa na kutu, na utafiti aliougharimia kutafuta mbegu inayoistahimili umewafaa wakulima wengi. Sifa hiyo ni yake. Haigeuzi hata kidogo ardhi ya watu kuwa pori.

Mwaka 1911 Laikipia nayo ilichukuliwa kwa mkataba wa pili, ingawa mkataba wa kwanza uliahidi kudumu maadamu Wamaasai wapo. Ole Njogo na Wamaasai wenzake walishtaki. Mwaka 1913 mahakama ikakataa kuwasikiliza, ikisema mikataba ile ni ya mataifa mawili, haiamuliwi kortini. Uhuru ulikuja, na Nakuru ikawa jiji mwaka 2021. Barabara ya Nairobi kutoka Free Area bado inapita kando ya Soysambu, alikozikwa Delamere mwaka 1931.