Mstari wa Mutukula (Sehemu ya Pili)

ILIPOISHIA: Jumatano, tarehe 1 Novemba 1978, Redio Uganda imetangaza kwamba ardhi yote kuanzia mpakani hadi Mto Kagera sasa ni ya Uganda. Bibi na mjukuu wake wamejificha migombani. Ghafla wanasikia kishindo cha buti kikija upande wao. SASA ENDELEA...

Buti zilisimama kando ya kaburi la Babu. Mtu akakohoa, kisha akaita kwa sauti ya chini, "Dada. Ni mimi."

Bibi hakushusha panga mpaka alipomwona vizuri. Alikuwa kaka yake, anayeishi upande wa pili wa mpaka, mwendo ambao hata chungu cha ndizi hakijaiva umeshafika.

"Buti hizo umezitoa wapi?"

"Nimenunua. Fungasheni, dada. Ni usiku huu."

"Na mume wangu nimwachie nani?"

Hapo ndipo palipokuwa na ugumu. Mhaya huzikwa kibanjani mwake, na Bibi hakuwa amelala hata usiku mmoja mbali na kaburi lile. Isitoshe, misukosuko alishaiona. Septemba 1972 wafuasi wa Obote walipita hapohapo Mutukula kwenda kumpindua Amin, wakashindwa. Ndege za Amin zikaangusha mabomu Bukoba na Mwanza. Mwezi uliofuata wakubwa wakapatana Mogadishu, majeshi yakarudi nyuma kilomita 10, naye Bibi akarudi kupalilia. Kwa hesabu yake, na hili lingepita.

"Safari hii hawaondoki," kaka akasema. "Wanasema mpaka ni mto."

Mpaka! Mwaka 1890 Wajerumani na Waingereza walikaa mezani Berlin wakagawana nchi za watu, na huku wakaona digrii moja kusini ya ikweta inatosha. Mstari ukanyooka, mto ukapinda zake kusini, katikati kikabaki kipande cha kama kilomita za mraba 1,800. Hicho ndicho alichokitamani Amin. Kusema kweli, ukiangalia ramani tu, mto unashawishi. Lakini wazee wa Mutukula walikuwa wakioleana na kuzikana pande zote mbili, na hakuna aliyewauliza, si Mjerumani wala Amin.

"Kuna jingine," kaka akaendelea. "Ndege zimelikosa daraja la Kyaka. Sasa wanaleta mtu wa migodi ya Kilembe, anayejua baruti. Daraja likienda, mmenaswa huku."

"Babu, umejuaje?" mjukuu akauliza.

Mzee akainama, akakaza kamba za buti.

Walitoka kwa njia ya magendo ya kahawa, Bibi akiwa na fumba moja la udongo wa kaburini ndani ya khanga. Kyaka iko karibu kilomita 30. Mchana wa Alhamisi walilala vichakani, wakiwaona ng'ombe wa jirani zao wakiswagwa kwenda kaskazini. Usiku wakakutana na wakimbizi wengine, wenye redio ndogo. Mmoja akawaambia Mwalimu ametangaza vita. Bibi akauliza kama ametaja Mutukula.

Kabla ya alfajiri ya Ijumaa wakafika mtoni. Juu ya daraja taa zilikuwa zikitembea, na chini yake wanaume walikuwa wakipokezana masanduku, polepole, kama watu wanaobeba mayai. Mjukuu akahisi mkono wa Bibi ukimbana.

"Si huku," kaka akanong'ona. "Kuna mtumbwi."

Akawapeleka kwenye mafunjo, maji yakiwafika magotini, akapiga mluzi mara mbili. Mluzi ukajibu. Mtumbwi ukachomoza gizani, na mtu aliyesimama ndani yake akawasha tochi, akammulika Bibi, kisha mtoto. Alivaa kofia ya jeshi la Amin.

"Hawa ndio wawili uliosema?" akamuuliza kaka. "Basi wewe rudi. Yule mkubwa anamtaka mtoto tu."

ITAENDELEA JUMAMOSI IJAYO