Uteuzi, Nafasi na Cheo: Mashauri ya Watumishi wa Serikali ya Uhindi, 1950–2018

Katiba ya Uhindi ilianza kutumika tarehe 26 Januari 1950. Ibara yake ya 16 yawapa raia wote haki sawa ya kupata kazi za serikali. Hata hivyo, fungu la nne la ibara hiyo laruhusu serikali kutenga uteuzi au nafasi kwa ajili ya matabaka ya raia walio nyuma, endapo yaona kwamba hawana uwakilishi wa kutosha katika utumishi wake. Fungu hilo halikutaja kupandishwa cheo, na kwa kutotajwa huko mabishano yakaendelea mahakamani kwa miaka mingi.

Katika Kiswahili pia shaka hiyo yaweza kuzuka. Mgeni aingiapo kazini husemwa kuwa ameteuliwa; na karani wa siku nyingi afanywapo mkuu wa makarani, naye husemwa vivyo hivyo. Neno ni moja, haki zishindaniwazo ni mbili.

Shauri kubwa la kwanza lilitoka katika reli. Mwaka wa 1959 wakuu wa reli walitoa nyaraka za kutenga baadhi ya vyeo vipatikanavyo kwa kupanda daraja, kwa ajili ya watumishi wa Matabaka na Makabila Yaliyoorodheshwa. Mtumishi wa Reli ya Kusini, Rangachari, alishitaki, na Mahakama Kuu ya Madras ikampa haki. Rufani ilikatwa, na tarehe 28 Aprili 1961 Mahakama ya Juu ikaitengua hukumu hiyo, mahakimu watatu dhidi ya wawili. Hakimu Gajendragadkar, kwa niaba ya walio wengi, alikubali kwamba "uteuzi" wahusu kuingia kazini. Lakini "nafasi", alieleza, ni pamoja na vyeo vya juu. Uwakilishi wa daraja la chini peke yake hautoshi. Mahakimu Wanchoo na Ayyangar hawakuafiki.

Fasiri hiyo ilidumu miaka zaidi ya 30. Tarehe 16 Novemba 1992, katika shauri la Indra Sawhney, lililosikilizwa na mahakimu tisa, wengi wao waliamua kwamba fungu la nne lahusu kuingia kazini tu. Aliyekwisha kuingia, walisema, yampasa ashindane na wenzake kwa masharti yale yale. Utaratibu uliokuwapo ukaruhusiwa kuendelea kwa miaka mitano. Kabla muda huo haujaisha, mwaka wa 1995, Bunge liliongeza fungu jipya, na maneno "kupandishwa cheo" yakaandikwa wazi katika ibara ya 16.

Neno lilipopatikana, swali likahamia kwingine. Mdogo aliyepandishwa mapema kwa nafasi iliyotengwa, je, ahesabiwe mkubwa wa yule aliyemtangulia katika daraja la chini na kupandishwa baada yake? Katika shauri la magadi wa gari la moshi, mwaka huo huo wa 1995, Mahakama ilikubali kwamba aliyetangulia aurudie ukubwa wake. Bunge likajibu kwa mabadiliko ya 85, ya mwaka 2001, yaliyoongeza kwamba ukubwa wa kazini ufuatane na cheo, na yakahesabiwa kuanzia tarehe 17 Juni 1995.

Mwaka wa 2006, katika shauri la Nagaraj, Mahakama iliyathibitisha mabadiliko hayo, lakini ikaitaka serikali ioneshe kwa hesabu kwamba wahusika wako nyuma na uwakilishi wao ni haba, na kwamba ufanisi wa kazi hautadhurika. Mwaka wa 2018, katika shauri la Jarnail Singh, sharti la kuthibitisha kuwa wako nyuma liliondolewa kwa Matabaka na Makabila Yaliyoorodheshwa. La uwakilishi likabaki.

Hivyo kila neno lililoongezwa lilimaliza shauri moja na kufungua jingine. Aliyengoja zamu yake akapitwa na mdogo wake, na aliyeingia kwa mlango uliotengwa akakuta ngazi imefungwa, wote wawili walidai usawa, tena kwa ibara ile ile. Kamusi iliweza kuwaonesha mahakimu maana zote za "nafasi"; kuchagua mojawapo kulihitaji kwanza kuamua ni usawa wa nani uliokusudiwa.