Kesi kufutwa kwa kupitwa na wakati: nani kashinda hapo?

Wadau, wengi mtakuwa mnakumbuka ile ya Januari 25, 2021. Siku 5 tu baada ya Donald Trump kuondoka Ikulu, Mahakama ya Juu ya Marekani iliagiza zifutwe kesi 2 zilizodai kwamba biashara zake zilipokea pesa za serikali za nje kinyume cha Katiba. Mitaani watu wakasema jamaa kashinda. Hapana. Hakushinda wala hakushindwa. Kesi zilikuwa zimepitwa na wakati, basi.

Maana yake nini? Mahakama za shirikisho kule Marekani zinasikiliza mgogoro ulio hai tu, ndivyo Ibara ya 3 ya Katiba yao inavyosomwa. Kama ulichoomba umeshakipata, au hakiwezekani tena, jaji hana cha kukupa. Msichanganye na kesi iliyofunguliwa kwa kuchelewa, hiyo ni habari ya ukomo wa muda. Hii imefunguliwa vizuri kabisa, ila mambo yamebadilika ikiwa njiani.

Mfano ni Marco DeFunis. Mwaka 1971 alinyimwa nafasi ya kusoma sheria Chuo Kikuu cha Washington, akashtaki kwamba amebaguliwa kwa rangi yake, yeye akiwa mzungu. Mahakama ya chini ikaamuru apokelewe, akaanza masomo huku kesi ikipanda ngazi. Ilipofika Mahakama ya Juu alikuwa mwaka wa mwisho, na chuo kikasema kitamwacha amalize. Aprili 23, 1974, majaji 5 dhidi ya 4 wakasema hakuna cha kuamua tena. Swali lenyewe likabaki hewani mpaka kesi ya Bakke, mwaka 1978.

Tatizo la DeFunis ni kwamba aliomba kitu kimoja tu, apokelewe chuo. Hakushtaki kwa niaba ya wenzake, wala hakudai fidia.

Sasa linganisha na Chike Uzuegbunam. Mwaka 2016 alizuiwa kuhubiri na kugawa vipeperushi vya dini kwenye chuo chake, Georgia Gwinnett. Aliposhtaki, chuo kikafuta kanuni zile, na mahakama za chini zikaitupa kesi. Lakini alikuwa amedai fidia pia. Machi 8, 2021, majaji 8 dhidi ya 1 wakasema madai ya fidia, hata ya dola 1 tu, yanatosha kuiweka kesi hai, maana kosa lilishatendeka.

Pia mdaiwa hawezi kuacha kosa baada ya kushtakiwa halafu akadhani kaponea hapo. Lazima aonyeshe wazi kwamba hatarudia. Vinginevyo kila mtu angeacha leo, kesi ifutwe, kesho aanze upya.

Kwa hiyo ukisikia kesi imefutwa, usikimbilie kushangilia wala kununa. Uliza kwanza: jaji kaamua hoja yenyewe, au kaikuta imeshapitwa?

Haya wadau, mnaonaje? Ni haki swali zito kuachwa bila jibu?