Maabara pepe ya fiziolojia na famakolojia

Maabara pepe ya fiziolojia na famakolojia ni programu ya kompyuta inayomwezesha mwanafunzi kufanya kwenye skrini majaribio ambayo kwa desturi hufanywa kwa mnyama hai, au kwa kiungo kilichotolewa mwilini mwake. Fiziolojia ni elimu ya namna mwili unavyofanya kazi. Famakolojia ni elimu ya dawa, pamoja na sumu, na jinsi zinavyoathiri mwili. Mwanafunzi huchagua dawa na kupanga dozi, kisha huona mstari ukipanda au kushuka kuonyesha mapigo ya moyo, shinikizo la damu au kukaza kwa kipande cha utumbo.

Nchini Tanzania majaribio haya yanagusa kwa karibu maisha ya mikoa ya Shinyanga na Geita, kwa kuwa baadhi ya kemikali zinazofafanuliwa kwenye skrini zimo katika mashamba ya pamba na machimbo ya dhahabu ya huko.

Asili

Majaribio yenyewe ni ya zamani kuliko kompyuta. Katika miaka ya 1840 Mjerumani Carl Ludwig alibuni kaimografu, yaani pipa linalozunguka taratibu huku kalamu ikichora juu yake mabadiliko ya shinikizo la damu. Mwaka 1921 Otto Loewi alisisimua neva ya moyo wa chura mpaka mapigo yakapungua. Kisha akahamishia majimaji yaliyouzunguka moyo huo kwenye moyo wa pili, nao pia ukapunguza mwendo. Ikathibitika kwamba neva hutuma ujumbe kwa kemikali. Kemikali hiyo baadaye ilitambuliwa kuwa asetilikolini, na mwaka 1936 Loewi na Mwingereza Henry Dale walipewa Tuzo ya Nobel.

Kwa miongo mingi wanafunzi wa tiba duniani walirudia majaribio ya namna hii kwa vyura, sungura na simbilisi. Mwaka 1959 Waingereza William Russell na Rex Burch walichapa kitabu kilichotaka watafiti wabadilishe mnyama kwa njia nyingine inapowezekana, wapunguze idadi ya wanyama, na wapunguze maumivu yao. Kompyuta ndogo zilipoenea vyuoni, sharti la kwanza kati ya hayo matatu likawa rahisi kutimizwa katika kufundisha. Tanzania ilitunga Sheria ya Ustawi wa Wanyama mwaka 2008.

Programu zinazojulikana

John Dempster wa Chuo Kikuu cha Strathclyde, Glasgow, aliandika programu kadhaa zinazotolewa bure. Moja huiga moyo na mishipa ya damu ya panya, nyingine huiga kipande cha utumbo wa simbilisi kilichotundikwa katika chombo chenye maji ya chumvi, na nyingine huiga mahali neva inapokutana na msuli. Nchini India, chuo cha tiba cha JIPMER kilichopo Puducherry kilitoa ExPharm. Huko mamlaka za elimu ya tiba zilikuja kuruhusu kompyuta ichukue nafasi ya wanyama katika masomo haya. PhysioEx ya Marekani huuzwa pamoja na vitabu vya kiada. PhET, iliyoanzishwa mwaka 2002 na Carl Wieman katika Chuo Kikuu cha Colorado, ni ya sayansi kwa jumla, lakini ina zoezi la niuroni. Baadhi ya mazoezi yake yametafsiriwa kwa Kiswahili, na yanaweza kupakuliwa yakatumika bila intaneti.

Namna zinavyofanya kazi

Baadhi ya programu huonyesha tu kumbukumbu za majaribio yaliyokwisha kufanywa. Mwanafunzi akibofya, anapata jibu lililorekodiwa. Nyingine hukokotoa jibu kwa kanuni ya hesabu. Kanuni ya msingi si ngumu. Kila dawa ina dozi inayotoa nusu ya mwitikio wake mkubwa kabisa. Katika mfano sahili wa kanuni hiyo, dozi ikiwa mara tisa ya ile ya nusu, mwitikio hufika asilimia 90. Kuizidisha zaidi ya hapo huongeza kidogo tu. Mwanafunzi aliyechora mkunjo huo mwenyewe, nukta kwa nukta, haisahau maana ya neno dozi.

Jaribio linalofundisha zaidi ni la utumbo wa simbilisi. Asetilikolini ikitiwa, utumbo hukaza. Ikitanguliwa na atropini, dozi ileile ya asetilikolini haifanyi kitu, kwa sababu atropini imekalia vipokezi. Lakini ukiongeza asetilikolini ya kutosha, utumbo hukaza tena: dawa hizi mbili hugombania nafasi moja, na aliye mwingi hushinda. Hatua ya tatu ni kutia neostigmini, ambayo huzuia kimeng'enya kinachovunja asetilikolini. Sasa dozi ndogo, iliyokuwa ikitikisa utumbo kidogo tu, inaukaza kwa nguvu.

Shinyanga na Geita

Hatua hiyo ya tatu ndiyo yenye uzito Usukumani. Shinyanga imo katika ukanda mkuu wa pamba wa Tanzania, na miongoni mwa viuatilifu vinavyopulizwa kwenye pamba duniani kuna vya jamii ya oganofosfeti. Sumu hizi huzuia kimeng'enya kilekile. Asetilikolini hujazana mwilini; mgonjwa hutokwa na mate, machozi na jasho, mboni za macho hunywea, mapafu hujaa majimaji, misuli hurukaruka kisha hulegea. Tiba ya kwanza ni kulinda njia ya hewa na kutoa atropini, tena kwa kurudiarudia, mpaka mapafu yakauke. Mhudumu aliyezoea dozi moja ndogo ya kabla ya upasuaji anaweza kuogopa kiasi kinachohitajika. Aliyeona kwenye skrini jinsi asetilikolini nyingi inavyoishinda atropini kidogo anaelewa kwa nini hatakiwi kuishia hapo. Ataelewa pia kwa nini atropini hairudishi nguvu za misuli ya kupumua: vipokezi vya misuli hiyo ni vya aina nyingine, na atropini haivigusi.

Wanaohitaji elimu hiyo ni wanafunzi wa uganga, uuguzi na famasia katika vyuo vya kanda, kikiwemo Chuo cha Sayansi za Afya Kolandoto karibu na mji wa Shinyanga, na Chuo Kikuu cha Katoliki cha Afya na Sayansi Shirikishi kilichopo Bugando, Mwanza. Jaribio halisi la utumbo linadai wanyama wanaotunzwa, mtungi wa oksijeni, maji yenye joto la nyuzi 37 lisiloyumba, na umeme usiokatika kwa saa kadhaa. Programu ya Dempster inadai kompyuta ya kawaida yenye Windows, na ikishasakinishwa haihitaji mtandao.

Upande wa Geita sumu ni nyingine. Wachimbaji wadogo hukamatisha dhahabu kwa zebaki kisha huichoma, na mvuke wake huingia mapafuni. Mchanga uliobaki, unaoitwa marudio, huchenjuliwa tena kwa sayanaidi. Sayanaidi huzuia seli kutumia oksijeni hata damu ikiwa imejaa oksijeni hiyo. Hakuna mwalimu mwenye busara atakayempa mwanafunzi sayanaidi ajaribu. Hapa maabara pepe haibadilishi jaribio lililokuwapo, bali inaruhusu lisilowezekana. Hata hivyo programu nyingi ziliundwa kufuata mitaala ya Ulaya, Marekani na India. Orodha zake zimejaa adrenalini na dawa za moyo, si zebaki, hivyo mwalimu hana budi kutunga mazoezi yake mwenyewe.

Mipaka

Skrini haifundishi mkono. Mwanafunzi hajifunzi kuvuta dawa kwenye bomba la sindano, kutafuta mshipa, wala kumtuliza mgonjwa. Matokeo yake pia huwa safi mno, ingawa baadhi ya programu huongeza tofauti za kubahatisha ili kufanana na wanyama halisi.

Mfano wa kazi isiyoingia kwenye skrini ulionekana Rwamagasa, wilayani Geita, ambako mradi wa zebaki wa Shirika la Umoja wa Mataifa la Maendeleo ya Viwanda (UNIDO) ulipima afya za wachimbaji na wanakijiji mwaka 2003. Damu, mkojo na nywele vilipelekwa maabara. Lakini sehemu kubwa ya uchunguzi ilifanywa ana kwa ana: mtu aliombwa kunyoosha vidole ili kutetemeka kuonekane, kutembea kwa mstari ulionyooka, na kugonga karatasi kwa penseli haraka awezavyo huku nukta zikihesabiwa.